Julai 23, Mara Mbili

Asubuhi ya Julai 23, 1952, watu wa Cairo waliofungua redio walisikia sauti ngeni. Msomaji alikuwa ofisa wa jeshi, Anwar Sadat, akisoma tangazo la Jenerali Muhammad Naguib: jeshi limejisafisha, na tangu sasa mambo yake yamo mikononi mwa Wamisri wanaoaminika. Siku tatu baadaye Mfalme Farouk alipanda meli yake ya kifahari, Mahrousa, bandarini Alexandria, akapigiwa mizinga 21 ya kumuaga, akaenda zake Italia asirudi tena.

Miaka 18 ikapita. Mchana wa Julai 23, 1970, kundi dogo la watu wenye silaha liliingia katika kasri la al-Husn mjini Salalah, kusini mwa Oman. Sultan Said bin Taimur akachomoa bastola. Risasi yake moja ilimpata tumboni Sheikh Buraik bin Hamud, mtoto wa liwali wa Dhofar, jimbo lenye mji huo, aliyekuwa akiliongoza kundi lile. Nyingine Sultani alijipiga mwenyewe mguuni, katika kuhangaika na silaha yake. Alipoona hapana pa kutokea, aliweka sharti moja: hajisalimishi ila kwa ofisa Mwingereza. Akaletewa. Kamanda wa kikosi cha jangwani, luteni kanali wa Kiingereza, akampokea. Sultani akatia sahihi karatasi ya kuacha ufalme, akabebwa hadi kwenye ndege ya jeshi la anga la Uingereza, akapelekwa Bahrain kutibiwa, na kutoka huko London. Ulimwengu uliambiwa Julai 26, tarehe ileile aliyoondokea Farouk.

Sharti lile la Sultani limenikaa kichwani kwa muda mrefu. Mtu anapinduliwa ndani ya nyumba yake, damu inamtoka, na anayemtaka ni Mwingereza. Hakuwa mjinga. Alijua jeshi lake ni la nani.

Tunapozungumza juu ya ushawishi wa wageni katika nchi za Kiarabu, mara nyingi tunauwaza kama mkono unaotokea nje: balozi anayenong'ona, meli ya kivita inayotia nanga, ndege inayodondosha mabomu. Hayo yapo. Lakini ushawishi unaodumu unaishi ndani ya kambi, katika daftari la mishahara na katika orodha ya wanaopandishwa vyeo. Anayeshika madaftari hayo mawili hahitaji kunong'ona. Na ukitaka kujua kwa nini Julai 23 moja ilimwondoa mfalme pamoja na ufalme wake, na nyingine ikamwondoa mfalme ili ufalme usalimike, anza kwa kuuliza nani alikuwa ofisa.

Misri ya kabla ya 1936 ilikuwa na jeshi dogo, maofisa wake wengi wakitoka katika familia za wenye mashamba, wengi wao wa asili ya Kituruki. Waingereza, waliokuwa wameivamia nchi mwaka 1882 baada ya Kanali Ahmed Urabi kuwaongoza maofisa wa Kimisri dhidi ya upendeleo huohuo, walipenda libaki hivyo. Mkataba wa 1936 kati ya London na Cairo ulibadili jambo moja lililoonekana dogo. Misri iliruhusiwa kulikuza jeshi lake, na chuo cha kijeshi kikafungua mlango kwa vijana wasio na majina makubwa. Gamal Abdel Nasser, mtoto wa karani wa posta, aliingia mwaka 1937. Sadat alikuwa wa kundi hilohilo. Miaka mitano baadaye, Februari 4, 1942, vifaru vya Uingereza vililizunguka kasri la Abdin, na balozi Miles Lampson akaingia kumlazimisha Farouk kumteua waziri mkuu anayetakiwa na London, la sivyo aache kiti. Mfalme alikubali. Maofisa vijana walioisikia habari ile walijiona wamevuliwa nguo wao. Hapo ndipo Waingereza walipokosea hesabu: waliruhusu jeshi la wenyeji, kisha wakalidhalilisha mbele ya wenyeji.

Oman hawakurudia kosa hilo.

Jeshi la Sultani, kama lilivyojulikana mwaka 1970, halikuwa la zamani. Lilizaliwa katika barua walizobadilishana London na Muscat mwaka 1958. Kabla ya hapo Said alikuwa na vikosi vidogo vidogo, na nusu ya nchi, milima ya ndani, ilikuwa chini ya Imamu kwa mujibu wa makubaliano ya Sib ya 1920. Mwaka 1955 vikosi hivyo, vikiongozwa na Waingereza, viliingia Nizwa, makao ya Imamu. Mwaka 1957 wafuasi wa Imamu Ghalib bin Ali waliasi, wakajikita Jabal Akhdar, mlima usiopandika kirahisi, wakisaidiwa na Saudi Arabia. Ndege za Uingereza ziliwapiga miezi na miezi bila kuwang'oa. Januari 1959 makomando wa Uingereza, SAS, waliupanda mlima usiku, na mambo yakaisha. Kwa msaada huo na kwa jeshi jipya la kisasa, Uingereza ilijihakikishia matumizi ya viwanja vya ndege vya Salalah na kisiwa cha Masirah. Mwaka huohuo wa 1958 Said aliiuzia Pakistani bandari ya Gwadar, milki ya mababu zake ng'ambo ya bahari, kwa pauni milioni 3.

Sasa liangalie jeshi lenyewe. Juu, makamanda Waingereza wa namna mbili: walioazimwa kutoka jeshi la Malkia, na waliokuja kwa mkataba wakilipwa na Sultani mwenyewe. Chini, askari. Wengi wao walikuwa Wabulushi, walioandikishwa Gwadar na mwambao wa Makran. Msomaji wa Mombasa au Unguja hahitaji kuelezwa Mbulushi ni nani. Ni watu wa familia hiyohiyo ya askari waliolinda Ngome ya Yesu kwa niaba ya masultani wa ukoo huohuo. Katikati, nafasi ambayo Misri ilijazwa na watoto wa makarani, palikuwa karibu patupu. Hadi 1970 hakuna Mwarabu wa Oman aliyepanda kupita cheo cha luteni. Said ndiye aliyetaka iwe hivyo. Alikuwa ameona yaliyompata Farouk. Aliona pia yaliyompata Mfalme Faisal wa Iraki, aliyeuawa na maofisa wake Julai 14, 1958. Kanali Mwarabu, kwa Said, alikuwa mfalme wa kesho.

Hesabu yake ilikuwa na tundu moja. Kanali Mwingereza naye ni kanali.

Hapa Mswahili wa pwani anaweza kutikisa kichwa, kwa sababu mchezo huu ulishachezwa kwao. Seyyid Said bin Sultan alipofariki mwaka 1856, himaya yake iliyounganisha Muscat na Unguja iligombaniwa na wanawe, na mwaka 1861 Lord Canning, gavana mkuu wa Uingereza kule India, akaamua igawanywe: Unguja ijitegemee, lakini iilipe Muscat riale 40,000 kila mwaka. Unguja ilipoacha kulipa, serikali ya Waingereza ya India ikachukua deni hilo na kulilipa yenyewe. Ukarimu ulioje! Tangu hapo sultani wa Muscat alijua kuwa riale zake za kila mwaka zinategemea mwenendo wake mwema machoni pa Waingereza.

Unguja nako, Seyyid Barghash aliposhauriwa kuwa na jeshi la kisasa, mwaka 1877 alipewa luteni wa jeshi la majini la Uingereza, Lloyd Mathews, awafundishe askari. Mathews alikuja kwa kazi ya muda, akabaki hadi kufa mwaka 1901, akiwa jenerali na kisha waziri wa kwanza. Agosti 25, 1896 Sultan Hamad bin Thuwaini alipofariki, Seyyid Khalid bin Barghash aliingia kasri bila idhini ya konseli wa Uingereza. Siku mbili baadaye, saa tatu asubuhi, meli za kivita ziliipiga Forodhani, na vita ikaisha kwa dakika zipatazo 38. Vitabu vya rekodi hupenda kuitaja kama vita fupi kuliko zote, kana kwamba ni kichekesho. Watu wa Khalid wapatao 500 waliuawa au kujeruhiwa. Jambo lisilotajwa sana ni hili: nyuma ya meli zile, ufukweni, walikuwapo askari wa Unguja wapatao 900 wakiongozwa na Mathews, upande wa Waingereza. Jeshi la Sultani lilisimama dhidi ya aliyejiita Sultani, na halikujiona limeasi. Lilimtii kamanda wake.

Basi Salalah 1970 ilikuwa na mtangulizi.

Said bin Taimur amechorwa na waandishi wengi kama kichekesho kingine, nami nakiri kuwa habari zake zinashawishi. Lango la Muscat lilifungwa saa chache baada ya jua kuzama, na aliyetembea usiku ndani ya mji alipaswa kubeba fanusi, aning'inize mwanga wake karibu na uso ili atambulike. Barabara ya lami ilikuwa kilomita zipatazo 10 nchi nzima. Shule tatu. Yeye mwenyewe alihamia Salalah mwaka 1958 na hakuiona Muscat tena. Lakini alirithi hazina yenye madeni mwaka 1932, akiwa kijana wa miaka 21, na akaapa kutokopa. Alijua deni ndilo kamba. Kwa miaka 35 alifunga mkanda, na nchi nzima ikafungwa naye. Mafuta yalipoanza kusafirishwa mwaka 1967 na pesa zikaja, mkono ulikuwa umeshazoea kubana. Kukataa kukopa kulimsaidia asiwe mtumwa wa benki. Hakukumsaidia kitu mbele ya jeshi, kwa sababu jeshi lile lilikuwa deni lenyewe, analoishi nalo kila siku na kuliita lake.

Dhofar iliasi mwaka 1965. Mwanzoni walikuwa watu wa milimani waliochoshwa na kodi na makatazo, wengi wao wakiwa wamefanya kazi Ghuba na kuona wenzao wanavyoishi. Waingereza walipoondoka Aden Novemba 1967 na Yemen Kusini ikawa dola ya mrengo wa kushoto, waasi walipata mgongo wa kuegemea, na mwaka 1968 wakatangaza kwamba wanaikomboa Ghuba yote. Bunduki zilitoka China na Urusi. Mwaka 1966, katika gwaride, askari wa kikosi cha Dhofar cha Sultani mwenyewe walimfyatulia risasi na kumkosa. Baada ya hapo alijifungia kasrini kiasi cha watu kudhani amekufa. Kufikia 1970 milima karibu yote ilikuwa ya waasi, na Juni mwaka huo kukawa na shambulio Izki, kaskazini, mbali na Dhofar.

Mwanawe Qaboos, aliyesoma Sandhurst na kutumikia jeshi la Uingereza kule Ujerumani, alikuwa amewekwa Salalah kwa miaka akisomeshwa dini na kuchaguliwa watu wa kumtembelea. Miongoni mwa walioruhusiwa alikuwa Tim Landon, ofisa wa upelelezi wa jeshi la Sultani na mwenzake wa Sandhurst. Nyaraka zilizofunguliwa miongo baadaye zinaonyesha kwamba London ilijua mpango mapema na ikauacha uende. Iliyotakiwa ni ionekane kazi ya Waarabu. Ndiyo maana mbele ya kundi alitangulia Sheikh Buraik. Na ndiyo maana Said, kwa sharti lake la kutaka ofisa Mwingereza, aliutoboa mchezo mzima bila kusema neno zaidi.

Maofisa wa Cairo walimwondoa mfalme kwa kuwa alikuwa karibu mno na Waingereza. Hawa wa Salalah walimwondoa kwa kuwa alikuwa anauhatarisha ufalme ambao Uingereza ilihitaji uendelee kuwapo. Mwana alikaa pa baba.

Qaboos alibadili mambo kwa kasi. Alitangaza msamaha kwa waasi, akafungua shule na zahanati, akalitoa neno Muscat katika jina la dola ili iwe Oman moja. Akaita pia watu wake waliotawanyika, na hapo ndipo Kiswahili kinapoingia katika habari hii. Wamanga na Waarabu wa Unguja waliokimbia baada ya Mapinduzi ya 1964 walikuwa wamekwama Dubai, Cairo, London. Said alikuwa mgumu kuwapokea. Sasa nchi iliyokuwa na shule tatu ilihitaji watu wanaojua Kiingereza, hesabu, uhandisi na upolisi. Wakajaza ofisi za serikali, kampuni ya mafuta, polisi na jeshi, hata ukipita mtaa wa Ruwi mjini Muscat leo unaweza kuitikiwa "marahaba" na mzee aliyevaa kanzu na kofia ya Kiomani. Wao walikuwa tabaka la kati ambalo Said hakutaka lizaliwe, wakiwa wamekuja wameshasomeshwa, na bila kabila nyuma yao la kuwapa jeuri ya kupindua.

Lakini vita ya Dhofar ilibaki ya wageni kwa kiasi ambacho, kikitazamwa kwa karibu, kinashangaza. Alfajiri ya Julai 19, 1972, wakati wa kharifu, msimu wa mvua za manyunyu, ukungu ukiwa umeufunika mji mdogo wa Mirbat, mamia ya waasi waliushukia kutoka milimani. Mle ndani walikuwamo SAS tisa, askari wachache wa Sultani ngomeni, na mzinga mmoja mkongwe wa Vita ya Pili ya Dunia kando ya ngome. Mzinga ule unataka watu kadhaa kuuendesha. Talaiasi Labalaba, sajini kutoka Fiji, aliukimbilia, akawa anaupakia na kuufyatua karibu peke yake, bomba limelazwa sambamba na ardhi, adui wakiwa mita chache tu. Alipigwa kidevuni, akaendelea. Mwenzake wa Fiji, Sekonaia Takavesi, alikimbia mamia ya mita chini ya risasi kumfuata; alikuwapo pia mpiga mzinga Mwomani, Walid Khamis, aliyejeruhiwa vibaya. Labalaba alifia pale. Ndege zilipopata mwanya chini ya mawingu, waasi walirudi nyuma, na hawakujaribu tena shambulio kubwa namna ile.

Mtu wa kisiwa cha Pasifiki, akitumikia taji la Uingereza, amekufa kwa ajili ya kiti cha ukoo wa al-Busaid, akiwapiga Waarabu wa milimani waliobeba silaha za Kichina. Na bado orodha haijaisha. Shah wa Iran alituma maelfu ya askari. Mfalme Hussein wa Jordan alituma makomando na wahandisi, na mwaka 1975 ndege 31 za kivita. Jordan ile ile ambayo Machi 1956 ilimfukuza Glubb Pasha, Mwingereza aliyekuwa kamanda wa jeshi lake! Upande wa pili walikuwapo Yemen Kusini, Urusi na, kwa muda, China. Dhofar ilikuwa kijiji cha dunia kabla neno hilo halijachakaa. Bei ya mafuta ilipopanda ghafla mwaka 1973, Qaboos alipata cha kulipia yote, pamoja na mishahara ya firqat, vikosi vya waasi waliogeuka. Desemba 11, 1975 alitangaza vita imekwisha.

Muomani wa kwanza kuliongoza jeshi la nchi kavu alipatikana katikati ya miaka ya 1980 tu. Qaboos, kama baba yake, hakuwa na haraka ya kumpa Mwarabu mwenziwe funguo zote. Mwenyewe alikuwa waziri wa ulinzi hadi kufa kwake. Mwaka 1980 aliwaruhusu Wamarekani nao kutumia viwanja vyake. Ni Masirah zilikoondokea ndege zilizokwenda Iran Aprili mwaka huo kujaribu kuwaokoa mateka wa ubalozi wao, safari iliyoishia katika moto jangwani. Mwaka 2001 zaidi ya Waingereza 22,000 walifanya mazoezi Oman, na tangu 2018 Uingereza ina kituo chake cha kijeshi katika bandari ya Duqm.

Na Misri, iliyojikomboa? Hapa ndipo hadithi inapokataa kuwa nyoofu. Maofisa wa 1952 walimwondoa Mwingereza kwenye Mfereji wa Suez, lakini jeshi ni tumbo lisiloshiba, na mkono mtupu haulambwi. Mwaka 1955 Nasser alinunua silaha za kambi ya Urusi kupitia Chekoslovakia. Washauri wa Kirusi wakawa maelfu, hadi Sadat alipowafukuza Julai 1972, siku zilezile za Mirbat. Baada ya amani na Israel mwaka 1979 akaja Mmarekani, na tangu 1987 msaada wake wa kijeshi umekuwa dola bilioni 1.3 kwa mwaka. Fedha hizo sehemu kubwa haziondoki Marekani: zinawalipa watengenezaji wa silaha wa huko, na kinachofika Misri ni ndege, vipuri, na vipande vya vifaru vya Abrams vinavyounganishwa katika Kiwanda Namba 200, nje ya Cairo.

Wengi hudhani basi Washington ina kamba shingoni mwa majenerali wa Cairo. Sidhani. Julai 3, 2013 Abdel Fattah al-Sisi alipomwondoa Rais Muhammad Morsi, Marekani haikuliita tukio lile mapinduzi, maana sheria yake ingeilazimisha kukata msaada. Oktoba ilizuia baadhi ya silaha. Sisi akaenda kwingine. Februari 2015 alitia saini kununua ndege 24 za Rafale kutoka Ufaransa. Machi zuio likaondolewa. Jeshi la Misri lina maofisa wake, hospitali zake, viwanda vyake vya saruji na tambi, vituo vyake vya mafuta. Anayelipa bilioni 1.3 amenunua mlango wa kuingilia tu. Daftari la vyeo hajawahi kulishika.

Kwa Muomani tofauti hii si ya kinadharia. Januari 10, 2020 Qaboos alifariki bila mtoto. Kesho yake, barua aliyoiacha ilifunguliwa mbele ya wakuu, na aliyetajwa humo alikuwa Haitham bin Tariq, mtoto wa ami yake Qaboos, aliyekuwa waziri mkuu wa kwanza baada ya 1970 na kuachana naye upesi. Majenerali waliokuwapo chumbani walikuwa Waomani. Hakuna kifaru kilichotoka kambini, wala hakuna aliyeomba kuitiwa ofisa Mwingereza.

Julai 23 ingali sikukuu ya taifa Misri. Oman, miaka yote ya Qaboos, ilikuwa Siku ya Nahdha, ya kuinuka kwa nchi. Siku hizi haimo tena katika orodha ya mapumziko ya serikali. Iliyowekwa ni Januari 11, siku barua ilipofunguliwa.